Jibu Lisilorekodiwa

Kabla mlango haujafunguliwa niliisikia: mvumo mzito, kisha kama mtu anashusha pumzi, kisha mvumo tena. Nilidhani ni kiyoyozi kibovu. Ilikuwa mashine ya oksijeni, kando ya kitanda cha mzee wa Kizanzibari aliyeishi na bintiye hapo mtaa wa Rashidiya, huku Uarabuni.

Rafiki yangu wa Nairobi alikuwa akitengeneza filamu kuhusu wagonjwa wanaotaka kuchagua namna ya kufa. Mimi nilikuwa naandika riwaya isiyosonga, basi akanipa kazi ya kurekodi sauti.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Mmekuja kunizika na taa zenu kabisa?"

Nikambandika kinasa sauti kidogo kwenye shingo ya kanzu. Rafiki yangu akamweleza kuwa ziko nchi ambako daktari huruhusiwa kumsaidia mgonjwa afe. Je, yeye angependa hivyo?

"La, mwanangu. Miye sitaki kuuliwa. Nataka kuachwa." Akavuta hewa. "Nikizidiwa, nisirudishwe hospitali. Nimemwomba huyu aniahidi, mara ngapi sijui. Hanijibu."

Bintiye, mama wa makamo aliyekuwa bado na sare ya kazini, alikuwa anakunja shuka iliyokwisha kunjwa.

Kwenye hedifoni, mashine ilikuwa inafunika nusu ya maneno ya mzee. Anayerekodi sauti huzima chochote kinachovuma: friji, feni, kiyoyozi. Huombi kwa kufikiri, ni mazoea. Nikasema, "Samahani, tunaweza kuizima mashine kidogo?"

Mikono ya binti ikasimama juu ya shuka. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

Mzee ndiye aliyecheka, akacheka mpaka akakohoa. "Mwaka mzima nambembeleza mwanangu, kumbe ningeita watu wa filamu."

"Baba, khalas, basi." Binti akaketi kitandani, kwa mara ya kwanza tangu tuingie. "Nitakujibu. Leo hii. Lakini si mbele ya hawa."

Rafiki yangu akaanza kukusanya kamera. Akanitazama, akagusa ukosi wa shati lake kwa kidole: kinasa kiache hapo hapo. Ningesimama ukumbini na hedifoni zangu nikasikia kila neno. Jibu hilo ndilo lililokuwa filamu yenyewe. Na mimi pia, sitadanganya, nililitaka. Nilikuwa nimeshaanza kuliandika kichwani.

Nikamwinamia mzee. Kanzu yake ilinukia udi. Nikakibandua kinasa sauti. Waya ukanasa kwenye kifungo, nikahangaika nao hadi mzee mwenyewe akaunasua.

"Ahsante, mwanangu," alisema kwa sauti ndogo. "Yalla, nenda."

Rafiki yangu alikwisha tangulia kwenye lifti, bila kunisemesha. Binti akanisindikiza, akangoja nivae viatu, kisha akaufunga mlango nyuma yangu.