Msiba Niliotunga Nisifukuzwe Nyumba

Jamani, mkasa huu niliapa kwenda nao kaburini, lakini kwa kuwa Kimaka nzima, mtaa wetu wa Jinja, wanaujua, heri niusimulie mwenyewe kabla hawajautia chumvi zaidi.

Duka langu la jumla kule Mbale lilikufa, madeni yakanifika shingoni, nikaiomba mahakama ya huko initangaze mufilisi. Hofu yangu haikuwa mahakama, ilikuwa nyumba. Tulipanga Jinja kwa afande mmoja mstaafu, mke wangu mja mzito karibu kujifungua, na nilikuwa nimesikia kwamba mwenye nyumba akijua mpangaji amefilisika anamfungia mlango siku hiyohiyo. Basi asubuhi ya shauri afande akanikuta getini na suti nyeusi, akauliza naenda wapi, na uongo ukanitoka: "Mbale, afande. Namzika baba mdogo." (Baba mdogo mwenyewe yuko shambani kwake, buheri wa afya.)

Nilisahau kwamba kwetu mtu haachwi akazike peke yake. "Pole sana, bwana. Sisi yote nakwenda na wewe," akasema afande kwa Kiswahili chake cha kambini, akawasha pikapu, akapiga honi, wapangaji wakatoka, akina mama wakajifunga leso, bahasha ya mabugo (ile hela anayochangiwa mfiwa) ikatiwa mfukoni mwangu, na njia nzima wakaniimbia nyimbo za faraja, nami nikalia kwelikweli, kwa woga.

Mbale, eneo la viwandani, nikawaomba wanisubiri niulizie jeneza, nikakata kona na kukimbia hadi mahakamani huku jasho likinitiririka. Nikala kiapo. Ofisa anayesimamia mali za waliofilisika akauliza kama nina pesa yoyote mfukoni. Nikaitoa bahasha.

"Hii ni ya nini?"

"Ya mabugo."

"Nani amekufa?"

Na mimi nimeshaapa kusema kweli! "Hakuna," nikajibu, na nyuma yangu mama mmoja akaguna. Nikageuka. Afande alikuwa amenifuata akihofia nitaanguka njiani kwa huzuni, na msafara mzima nyuma yake. Nilitamani ardhi ipasuke.

Ofisa akawarudishia bahasha yao, kisha akanieleza kitu ambacho ningekiuliza mapema ningelala usingizi: kwa mkataba kama wangu, kufilisika peke yake hakumtoi mpangaji, kodi ya nyuma inangoja pamoja na madeni mengine, na akilipa ya kila mwezi anakaa.

Afande akavaa kofia yake taratibu. "Kama wewe nasema toka mwanzo hakuna pesa, mimi navumilia. Lakini wewe naua mtu ya bure, sisi nalia. Mkataba naisha mwezi ya kesho. Wewe natafuta nyumba ingine."

Kurudi Jinja hakuna aliyeimba. Sheria iliniachia nyumba, mdomo wangu ukaninyang'anya. Binti yetu alizaliwa tukiwa tumejibana sebuleni kwa shemeji, na mke wangu mpaka leo hajanisamehe sawasawa. Siku hizi mtu akiniuliza naenda wapi, namwambia ninakokwenda, hata kama kunatia aibu.