Mjomba Kinyozi Alipocheza Maiti

Tangu azike mkewe, kinyozi alikuwa akinyoa vizuri tu. Watu walidhani ameshapoa. Alinyoa, akapangusa shingo kwa spiriti, akapokea pole za wateja kama anayepokea chenji, kisha akafagia nywele. Mazikoni hakutoa hata chozi, na dada yake mkubwa hakumsamehe. "Hata kuku akichinjwa wenzake hushtuka," alimwambia, na tangu hapo salamu zao zikawa za shingo upande.

Mwana wa huyo dada alikuwa akitengeneza sinema ya ujambazi na rafiki zake. Kamera ya kuazima, taa wameifunga kwenye mpini wa ufagio, bastola ya mbao iliyopakwa kiwi ya viatu. Walikwama kwenye maiti. Kila aliyelazwa chini aliangua kicheko, au tumbo likapanda na kushuka kama mivukuto ya mhunzi.

"Mjomba, tusaidie," kijana akamsihi. "Tutapigia picha hapa hapa kinyozini kwako. Majambazi wamekuua. Huna la kusema hata neno moja."

"Hilo nitaliweza."

Wakammwagia damu, yaani sukari iliyochemshwa na rangi nyekundu. Akalala ubavu kwenye saruji, macho wazi. Nzi akafuata utamu, akatua mdomoni, akatembea mpaka puani. Kinyozi hakupepesa. Saruji ilikuwa baridi, na pale chini hakuna aliyemtaka ajisikie vyovyote.

"Kata!" mpwa akasema. "Mjomba, imetosha."

Alimsikia. Hakuona haraka ya kuinuka.

Ndipo dada akaingia na chupa ya chai. Alijua vijana wanapiga picha. Hakujua kwamba maiti yao ni mdogo wake. Chupa ikamponyoka.

"Mdogo wangu! Mama alikuacha mikononi mwangu! Nitamwambia nini mama?" Akajitupa juu yake, akamtikisa, damu tamu ikamjaa gauni zima.

"Dada, mimi mzima."

Akamzaba kofi. Akamkumbatia. Akamzaba la pili, kisha akatoka na kiatu kimoja mguuni.

Kamera ilikuwa bado haijazimwa. Dada alibembelezwa mpaka akakubali kilio chake kibaki, na sinema ikaonyeshwa kwenye ukumbi wa shule. Watu walimzomea polisi aliyevaa sare inayompwaya. Bastola ilipovunjika mpini, wakacheka mpaka viti vya plastiki vikalia. Kilio kilipofika, ukumbi ukawa kimya.

Kinyozi, ameketi kando ya dada yake, alijitazama amekufa. Akangoja kilio kimjie. Hakikuja.

"Kwa mke wangu sikulia hivi," akasema taratibu. "Nilitaka. Mpaka leo kilio hakijaja."

Dada akamgeukia. "Mbona hukuniambia?"

"Ningesemaje? Kwamba mfiwa hajui amefiwa?"

Huko mbele, kwenye sinema, majambazi walikuwa wakikimbizana nyuma ya kiwanda. Dada aliwatazama kitambo, kama vile kesi yao inamhusu.

"Kesho njoo kwangu ule," akasema mwishowe. "Kama kulia kumekushinda, kula hakutakushinda."

Wateja walianza kumwita Marehemu, naye akawa anaitika. Kwa dada alikwenda. Alikula bila kujua kama chumvi imekolea, na sahani ilipokwisha akaomba aongezewe, kwa kuwa dada yake alikuwa anamtazama.