Siku Nilipomwita Chui Paka

Jamani, nitawasimulia, ila mkinicheka mcheke taratibu, maana hata leo nikipita karibu na ule ukumbi wa wafanyakazi wa mgodi hapa Kolwezi nauinamisha uso kama mdaiwa.

Ilikuwa miaka ile ya Zaire, nami nilikuwa nimeazimia kuwapa watoto wetu katuni zao kwenye televisheni. Kazi yenyewe ni hivi: unakata wanyama wa karatasi ngumu, unawalaza mezani chini ya kamera, unasogeza mguu kidogo, unapiga picha, unasogeza tena, mpaka shingo inakauka. Nilimtengeneza panya aliyemlaghai chui ambebe yeye na gunia lake la unga wa bukari, ugali wetu wa huku, mpaka sokoni. Yale madoa ya chui niliyapaka moja moja (nilijivunia sana madoa yale, Mungu anisamehe).

Filamu haikuwa na sauti, kwa hiyo nilipaswa kuisimulia mwenyewe kwa maikrofoni, ukumbini, mbele ya watoto na mjumbe wa chama aliyekuja kuamua kama tungepewa robo saa ya televisheni kila Jumatano. Mlangoni tata (yaani baba) Ilunga, fundi wetu wa mitambo, akaninong'oneza, "Mama, panya anapanda juu ya chui, na ule mukubwa amevaa nini ku kichwa?"

Nikamtazama mjumbe. Kofia ya ngozi ya chui, kama ya rais, waliyoivaa wakubwa wa siku zile; panya wangu angeonekana anawapanda wao. Miezi yote ile nilikuwa nikitazama miguu ya karatasi tu, sikuwaza kofia ya mtu. Basi taa zikazimwa, nami nikaamua jambo dogo tu: nitamwita paka.

"Hapo zamani paka mmoja mkubwa..."

Kabinti wa mstari wa mbele akainua mkono. "Mama, hii haiko paka. Iko chui."

Nikamweleza kwa upole, kama kawaida yangu, kwamba ni paka mwenye surua, ndiyo maana ana madoa. Watoto wakacheka, wakaanza kubishana wenyewe kwa wenyewe, mmoja akauliza mbona surua haijamshika panya aliyempanda, nami badala ya kunyamaza nikaongeza kwamba kule Musumba paka wote ni wakubwa hivyo. Sauti nzito ikatoka kwenye kiti nyuma yao: "Mi natoka Musumba, citoyenne. Paka ya vile hatuna."

Alikuwa mjumbe, akiniita "mwananchi" kwa Kifaransa kama chama kilivyoagiza. Ukumbi mzima ukageuka kumtazama, na yule binti, aliyetaka haki yake, akasimama juu ya benchi akanyoosha kidole. "Angalieni kofia ya tata. Madoa iko sawasawa na ya ile."

Kicheko kikafa. Pale ukutani panya alikuwa bado amekaa mgongoni mwa chui, anampiga piga kwa kijiti (mimi mwenyewe nilikikata kijiti kile), na filamu haikuwa na haraka ya kwisha.

Taa zilipowashwa mjumbe alinijia, wala hakunifokea. "Mi nilikuwa nacheka na batoto, citoyenne. Ungesema chui, ningetoka nikicheka. Sasa kila mutu ameangalia kofia yangu. Nitatia sahihi namna gani?"

Robo saa yetu ikaenda hivyo. Kesho yake asubuhi nilikata kiboko wa karatasi achukue nafasi ya chui, nikaanza upya picha ya kwanza, na baada ya misimu miwili ya mvua Jumatano ikawa yetu. Vijana ninaowafundisha kazi hii nawaambia: ukikosea mnyama, kata mwingine kwa mkasi, usijaribu kumbadilisha kwa mdomo, maana mtoto anaona. Na mimi nimeapa, mtoto akiinua mkono mbele yangu, kitu cha kwanza ninachofanya ni kunyamaza.