Webcam isiyo na jina ilivyonining'iniza miguu juu mbele ya mjomba wa mchumba wangu

Wakuu, heshima kwenu. Hapa siongezi chumvi, aibu yenyewe inatosha.

Enzi hizo soko huria limepamba moto, kila kifaa kisicho na jina la kampuni kinashushwa Masasi. Mimi nilikuwa fundi wa internet café jirani na stendi. Kujiita IT expert ilikuwa bure, nikajiita.

Nikamchumbia Zawadi, binti wa kijiji cha Mkunya.

Mnajua kwetu huku. Baba akubali, mama apige vigelegele, mjomba hajasema hujaoa. Na mjomba mwenyewe yuko Muscat. Akatuma neno: "Jumamosi saa nne nimwone huyo fundi kwenye kompyuta. Nisipomwona, mpeni yule mnunuzi wa korosho wa Newala."

Mnunuzi ana pickup, wakuu. Mimi nina baiskeli.

Nikanunua webcam. Boksi limeandikwa Plug and Play. Nikachomeka, ikagoma. Kuangalia CD yake, driver iliyomo, yaani programu ya kuendesha kifaa, ni ya printer!

Siku tatu nasaka driver mtandaoni. Moja ikaniletea virusi, nyingine ikageuza menu zote Kichina. Alama ya njano ya kifaa kilichogoma, kule kwenye Device Manager, ipo tu, inanikodolea macho.

Jumamosi, Zawadi na mama yake wameshakaa nyuma yangu, ndipo nikaichukua namba ya kifaa, nikai-search. Driver ikapatikana, nikampigia mjomba, picha yangu ikatokea.

Kichwa chini, miguu juu.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba. Mbona ananing'inia kama popo?"

Mama Zawadi akajifunika uso kwa kanga.

"Ni driver tu, mjomba, dakika tano." Nika-uninstall, nika-install, nika-restart, nikampigia tena. Popo yuleyule. Kwa kuchanganyikiwa nikasema: "Mjomba, hebu geuza kichwa kidogo."

Jamani! Mkwe unamwambia ageuze kichwa!

Mjomba akasonya. Kisha: "Mwiteni mnunuzi wa korosho."

Nilimpenda yule binti, wakuu, roho iliniuma kweli. Na mimi bado nabofya, natafuta driver nyingine.

Zawadi akainuka, akaitoa kamera juu ya monitor, akaipindua, akaifunga hapo kwa lastiki ya nywele zake.

Kwenye picha nikasimama wima kama binadamu.

"Nani katengeneza?" mjomba akauliza.

"Mpwa wako," akajibu Mama Zawadi.

Mjomba akacheka mpaka spika zikakwaruza. "Basi nimekubali. Nyumba hiyo haitakosa fundi."

Nilichojifunza: kabla hujahangaika na driver, angalia kwanza kifaa kimekaaje.

Leo tuna duka letu la kompyuta hapahapa Masasi. Fundi ni Zawadi. Mimi napokea wateja na kuwaambia wasubiri.

Haya, wanaume wa humu ambao wake zenu ndio mafundi, jitokezeni. Mimi nimeshajianika.