Mjane Aliyetolewa Eda Mchana

Shemeji yangu Assumani alinitoa eda kabla ya wakati wake, jua likiwa juu, mbele ya kamera, ili mzungu mmoja amalize masomo yake ya udaktari. Alinidanganya kwamba mwalimu wa msikiti wetu amekubali. Tangu siku ile wanawake wa mtaa wananihesabu kuwa mjane aliyeshindwa kumlilia mume wake, na mpaka leo hakuna aliyenitoa eda kwa haki. Nimelitaja kosa mwanzoni ili asiwepo wa kusema nilizungukazunguka.

Mume wangu aliitwa Abedi. Alikuwa fundi wa kushona, na cherehani yake ilikaa barazani kwa Mgiriki mmoja mwenye duka, karibu na bandari ya mji huu ambao Wabelgiji wanauita Albertville na sisi tunauita Kalemie. Assumani ni mdogo wake. Kazi yake ilikuwa kuhesabu magunia bandarini, na huko aliokota Kifaransa kidogo, akakivaa kama shati jipya. Bwana Delporte aliposhuka kutoka Ulaya akitafuta mtu wa kumfasiria maneno yetu, Assumani aliyaacha magunia siku hiyohiyo. Wiki iliyofuata alikuwa na tai na miwani. Macho yake hayajapata kuugua.

Huyo Bwana Delporte watoto walimwita Bwana Kwanini. Alikuwa mrefu, mwembamba, kichwa kimeanza kuota kipara, na kila alipopita aliuliza kwa nini tunafanya hivi na si vile.

"Anafanya kazi gani?" nilimwuliza Assumani.

"Anasoma, shemeji."

"Mutu mwenye kipara?"

"Anasomea udaktari."

Neno hilo lilitembea mtaani. Jirani yangu Mama Zaina, ambaye ndiye huwaogesha wajane wetu wanapotoka eda, alimbeba mjukuu wake mwenye kikohozi akampeleka kwa daktari mpya. Daktari alimpa mtoto biskuti, kisha akamwuliza Mama Zaina kwa nini amemfunga hirizi mkono wa kushoto. Akarudi na mtoto, na kikohozi, na hasira.

"Si daktari wa magonjwa," Assumani alimweleza. "Ni daktari wa desturi."

"Desturi zetu zinaumwa?" Mama Zaina akauliza.

Assumani alitueleza jinsi udaktari huo unavyopatikana. Lazima mtu aandike kitabu kinene juu ya jambo ambalo hakuna aliyeliandika. Kisha husimama mbele ya wazee watano, wanamchoma kwa maswali mpaka watosheke, halafu wanampa cheo.

"Na jambo lenyewe ni nini?" nikauliza.

"Sisi," akasema, na akakaa vizuri kitini.

Niliona masomo hayo kwa karibu, maana nyumba aliyopanga Bwana Delporte ilitazamana na uwanja wetu. Sijaona kazi ya kitumwa kama ile kwa mtu ambaye hakuna aliyemlazimisha. Alikuwa na profesa wake huko kwao, mzee ambaye hakuwahi kukanyaga hapa, na mzee huyo alimtawala kupitia posta. Meli ilipoleta barua, Bwana Delporte hakula siku hiyo. Mpishi wake alisema karatasi zilirudi zimejaa wino mwekundu, na kwamba sura ya ndoa ameipiga upya kwenye mashini ya kuandika hata vidole vikavimba. Mara moja alimkuta amelala kifudifudi juu ya mashini hiyo, herufi zimemchora shavuni. Serikali yao ilimlisha kwa muda maalumu, na muda ulikuwa unakwisha. Mama yake alimtumia soksi. Huyu ndiye mtu ambaye Assumani alimpa heshima kubwa kuliko marehemu baba yake.

Masika hayo Abedi akashikwa na homa. Alikaa hospitali siku chache, akafa.

Niliingia eda kama alivyoingia mama yangu. Chumba kimoja, nguo nyeupe, hakuna manukato, hakuna kioo, hakuna mwanamume wa kunitazama, miezi minne na siku kumi. Mama Zaina alikuja kila jioni kukaa nami. Alinieleza itakavyokuwa siku ya mwisho: wanawake watakuja kabla ya alfajiri, wataniogesha kwa maji ya ziwa, watanivika nguo mpya, watanifukiza udi, mwalimu atasoma dua, watu watakula. "Hapo njo unarudi kwa watu," alisema. "Kabla ya hapo wewe bado uko na Abedi." Maneno hayo yalinishika. Sikuwa na kitu kingine cha kumpa mume wangu isipokuwa siku hizo, nami nilitaka kumpa zote.

Bwana Kwanini hakuniachia hata hizo. Alisimama nje ya ukuta na kumtuma Assumani kwenye pazia.

"Shemeji, anauliza unalia asubuhi ao jioni."

"Mwambie afe yeye kwanza, muke wake atamujibu."

Sijui Assumani alifasiri nini, lakini nilisikia kalamu ikiandika.

Kisha ikaja barua nyingine ya profesa. Mzee amekataa sura ya kifo. Amesema huwezi kuandika juu ya mjane kutoka eda kwa kusimuliwa. Lazima uone kwa macho na ulete picha. Siku ya Bwana Delporte kupanda meli ya Kigoma ilikwisha kupangwa, na wazee watano walikuwa wanamngoja huko kwao. Mimi nilikuwa nimebakiza zaidi ya mwezi. Mjane mwingine hakukuwa. Mtu mwenye akili angeandika kwamba hakuona, yakaisha. Lakini nasikia udaktari hautolewi kwa mtu anayesema hakuona.

Usiku, Mama Zaina ameshaenda kwake, Assumani akaja kwenye pazia, sauti imelainika.

"Shemeji, ni asubuhi moja tu, kesho. Utatoka, upigwe foto, urudi ndani. Hesabu haikatiki."

"Nani amesema haikatiki?"

"Mwalimu amekubali."

"Kwa kinywa chake?"

"Kwa kinywa chake. Mimi naweza kukudanganya kwa jambo la ndugu yangu?"

Mwalimu wiki hiyo alikuwa Kigoma kwa binti yake aliyejifungua. Mjane aliye ndani atajuaje nani amesafiri? Na Assumani sasa ndiye aliyekuwa mkubwa wa nyumba. Unga niliokula mimi na binti yangu Asha ulipita mikononi mwake. Nilikubali kwa sababu nilimwamini mwalimu. Wala sikumwamini Assumani hata siku hiyo. Nilimwamini mtu ambaye yeye alitumia jina lake.

Mama Zaina alipoitwa kuniogesha, alisimama mlangoni pa uwanja na hakuingia. "Mimi simutoi mutu ambaye hajafika," alisema, akaondoka. Alidhani nimeyataka mwenyewe. Nilimwita kwa jina, akaenda.

Basi waliniogesha mke wa Assumani na majirani wawili walioahidiwa sukari. Ilikuwa saa nne ya asubuhi, kwa sababu kamera haioni alfajiri. Walinitoa uwanjani nikiwa nimefinya macho, mwanga unanichoma kama pilipili. Maji yakamwagwa. Mmoja wa wale wawili akacheka kwa aibu.

"Bwana anasema musicheke," Assumani akafasiri. "Mufurahi kwa adabu."

Kisha Bwana Delporte akagundua jua liko upande mbaya. Nikarudishwa ndani, nikatolewa tena kwa mlango uleule, nikamwagiwa tena, nguo imenigandama mwilini mbele ya wanaume wawili wasio na haki ya kuniona. Udi ukachomwa. Moshi hauonekani, akasema, ongezeni. Wakaongeza mpaka tukakohoa wote. Mwalimu hayuko, dua haikusomwa, na hakuna aliyeiulizia. Alipomaliza kupiga picha alinipa kitambaa cha maua na kunipa mkono, nami sikuupokea.

"Bwana anasema umemuokoa," alisema Assumani.

Bwana Delporte aliondoka na meli yake. Mimi nilirudi chumbani nikaendelea na hesabu yangu. Jioni Mama Zaina hakuja. Kesho yake hakuja. Wanawake waliokuwa wakiniletea chakula walipita mbali, na Asha alirudi kutoka kisimani akiniuliza kwa nini wanasema mama yake amemuuza baba kwa sukari.

Mwalimu aliporudi kutoka Kigoma alimwita Assumani. Hapo ndipo uongo wa pili ulipozaliwa: Assumani alimwambia mimi mwenyewe ndiye niliyeomba kutoka, nimechoka kukaa ndani. Mwalimu aliamini, maana aliyesema ana tai na aliyesemwa yuko nyuma ya pazia.

Siku yangu ya kweli ilipofika niliamka giza bado halijapasuka. Nilikuwa nimemtuma Asha jana yake kuchota maji ya ziwa. Nilikaa kwenye kigoda karibu na ndoo, nikangoja. Nilisikia wavuvi wa ndagala wakirudi na kelele zao, nikasikia adhana, nikaona mstari wa jua chini ya mlango. Hakuna aliyekuja. Nikajimwagia maji peke yangu kama mtu anayeoga kwenda sokoni.

Tangu hapo nimekuwa mtu wa pembeni. Kwenye harusi nakaribishwa kumenya muhogo, lakini simgusi bibi harusi. Mjane akiwekwa eda, siitwi kukaa naye. Jumaa, muuza samaki aliyefiwa na mkewe, alikuwa ametuma salamu za heshima za kutaka kuniposa, zikakauka njiani. Sikumlilia Jumaa. Linalonikata ni kwamba wananiambia sikumlilia Abedi.

Baada ya miaka mitatu kitabu kikaja. Assumani alikileta kwangu kwa mikono miwili, akasema Bwana ameshinda, wazee watano wamempa sifa kubwa kabisa, sasa anaitwa Daktari na yeye ndiye anayefundisha wengine. Akafungua kwenye picha yangu. Nilikuwa pale, nimelowa, macho yamefinywa.

"Imeandikwa nini chini yake?"

Akasoma polepole. "Mjane akitolewa eda alfajiri, pwani ya ziwa."

Niliweka kidole changu kwenye kivuli changu pichani. Kilikuwa kifupi, kimejikunja miguuni.

"Hii njo alfajiri ya wapi, Assumani?"

Aliisukuma miwani yake juu ya pua. Wazee watano wenye miwani ya kweli walitazama picha hiyo, wakatosheka. Wamefungwa maprofesa wangapi kwa uongo? Hakuna. Huo ndio mwisho wa masomo yao: aliyefika anaaminiwa, hata akiwageuzia watu mchana kuwa usiku.

"Na jina langu liko?"

"Imeandikwa 'mwanamuke mumoja'."

"Na lako?"

Akafunua kurasa za mbele, akafunua za nyuma. Jasho lilimtoka chini ya miwani. Mwishowe akapata. "'Namushukuru mukalimani wangu mwaminifu.'"

"Mukalimani nani?"

"Haikusema."

"Tafuta tena. Labda kwa nyuma."

Alitafuta kweli, masikini. Nilimwacha atafute mpaka uji wangu ukaiva. Kitambaa cha maua cha Bwana Delporte ndicho nilichotumia kuipua sufuria. Kazi hiyo kinaifanya vizuri.

Ninachodai sasa ni hiki. Daktari Delporte namdai maneno ya kweli chini ya picha ile, lakini yuko mbali na siwezi kumfuata. Nimemwachia Mungu na wazee wake watano. Assumani hayuko mbali. Anadaiwa kusimama msikitini baada ya sala ya Ijumaa, bila tai, mbele ya mwalimu, aseme kwamba alisema uongo mara mbili: kwangu, na kwa mwalimu. Akisema hivyo, Mama Zaina na wanawake wa mtaa watakuwa wanadaiwa kuniogesha, alfajiri ya kweli, kwa maji ya ziwa, na dua ya Abedi isomwe mpaka mwisho.

Kila anapopita mlangoni Assumani hunisalimu, "Shemeji, habari ya leo?" Nami humjibu kwamba Ijumaa iko karibu.