Bata wa Mcheki Pale Mabatini

Puu-pupu, puu! Filimbi nene, kama mzee anayepiga miayo huku akipanda ngazi. Mpaka leo naisikia. Ilitoka kwenye spika iliyopasuka ya banda la video la mama yangu mdogo, Mabatini, na ilikuwa ya bata wa katuni aliyepoteza mwavuli. Katuni yenyewe haikuwa na neno hata moja. Bata, mvua, muziki, basi.

Mimi nilikuwa mlangoni nakata tiketi. Nikatafuta kwenye simu nani katunga ule muziki, nikampata: Mcheki mmoja, mtu wa Ulaya, sasa ni mzee sana, alianza kwa kupiga kinanda cha kifuani, kile cha kuvuta na kubana, kwenye harusi za kijijini kwao. Akaenda chuo, walimu wakataka atunge muziki wa watu waliovaa tai. Yeye akakimbilia sinema. Maisha yake yote analetewa picha bubu, anazitazama weee, halafu anazipa sauti. Jamani, nilimpenda! Nikajiambia na mimi nitakuwa hivyohivyo, ingawa chombo pekee nilichojua kupiga ni sufuria.

Shida ilikuwa dijei wetu, yule kaka anayetafsiri sinema kwa kipaza sauti. Kwetu sinema bila dijei ni ugali bila mboga. Bata hasemi? Atamsemea!

"Oyaa, huyu bata ni mchuuzi wa samaki pale Mwaloni, kaibiwa sato wake! Anamsaka mwizi!"

Watoto hoi. Mcheki wa watu hasikiki.

"Kaka," nikamwomba, "Jumamosi nyamaza katuni moja tu, tumsikie mtunzi."

"Ninyamaze? Mimi? Watoto watatoka wote, dada."

Mama mdogo akadakia: "Na wakitoka, Jumamosi ya watoto imekufa. Naweka mpira."

Ile Jumamosi ya katuni za watoto nilimbembeleza mwenyewe mpaka akakubali. Lakini nikasema sawa, tujaribu.

Siku ikafika. Dijei akakaa kwenye kiti chake, mikono kaikalia, anatoka jasho. Filimbi ikaanza. Watoto wote wakamgeukia.

"Dijei, unaumwa?"

"Kafukuzwa huyo!"

Kabinti ka benchi la mbele kakashindwa kuvumilia: "Huyu bata anaenda Buhongwa kwa shangazi yake!"

"Muongo! Anaenda kliniki!"

Banda zima likawa linatafsiri. Mcheki kazikwa upya, tena na watu wengi zaidi.

Halafu bata akabaki peke yake kwenye mvua, na muziki ukawa mwembamba kama uzi. Watoto kimya. Mara kwenye spika: mfff! Dijei alikuwa analia, na kipaza sauti hakukizima.

"Dijei analiaaa!"

Walicheka mpaka benchi likapinduka. Hakutoka hata mmoja.

"Jumamosi inabaki," mama mdogo akaamua, anajifuta machozi ya kicheko. "Ila huyu aongee, akinyamaza anavunja mabenchi yangu. Wewe na mtunzi wako chukueni pale mwisho, majina yanapopita."

Majina huwa tunayakata, nani anayasoma?

Walipotoka wote, nikarudisha katuni mwishoni, nikaongeza sauti, nikakaa. Jina la Mcheki likapanda polepole, herufi zake zimevaa vikofia, ndivyo Wacheki wanavyoandika. Nikainuka, nikapiga goti kama tunavyoamkia wazee kwetu Usukumani.

"Shikamoo, babu," nikaliambia.