Wali wa Wakuu kwa Mama Mkwe

Saa nne na dakika ishirini asubuhi, mama mkwe wangu, aliyeletwa Garsen kutoka Kipini kuuguzwa malaria, alikataa uji kwa mara ya tatu. Daktari wa zahanati alikuwa ameshasema: asipokula kabla ya jioni, arudishwe kuwekewa dripu. Mke wangu akaanza kufunga nguo za mama yake. Mimi nikafungua simu.

Kwa miaka miwili nimekuwa nikijifundisha mapishi ya Waingereza wa zama za kati. Wengine hufuga njiwa. Niliona siku ya elimu hii kufaa mtu imewadia.

"Mama amekataa uji wangu," mke wangu akasema, "ndiyo atakula wa Waingereza waliokufa?"

"Si uji. Ni wali wa kuku kwa maziwa ya lozi. Wakuu walikula."

"Na wenyewe wako wapi?"

Maelezo ya mapishi kwenye simu yalikuwa kamili kabisa: chemsha kuku, mchambue, mchanganye na mchele, tia sukari ya kutosha. Ya kumtosha nani, hawakusema. Nikapima kila kitu kwa mizani. Lozi sikupata, nikatumia tui la nazi. Kisha viungo. Mkuu wa Kiingereza alionyesha utajiri kwa kumwagia chakula mdalasini, karafuu, tangawizi na pilipili manga, vitu vilivyosafiri miezi mingi kumfikia. Kwetu utajiri huohuo unaning'inia mlangoni mwa duka, kipakiti shilingi kumi. Nikanunua vinne, nikawa bwana mkubwa. Nilinyunyiza juu hadi weupe wa wali ukapotea.

Mama mkwe alinusa, akakohoa.

"Mwanangu, nani anaoa?"

"Hakuna, mama. Ni chakula cha kale cha Uingereza."

Alikwangua tabaka la juu kwa kijiko, akausukuma utajiri wote ukingoni mwa sahani. Akaonja cha chini. Akaonja tena.

"Haya ni mashendea, wali laini wa tui. Mama yangu akinipikia nikiugua. Hayatiwi viungo, mgonjwa hataki makelele mdomoni. Ukaenda mpaka Uingereza kuyatafuta?"

Alimaliza, akaomba mengine. Mke wangu alizifungua nguo bila kunitazama. Mabega yake yalikuwa yakitikisika kwa kicheko.

Jioni nilisoma mstari wa mwisho wa maelezo, ambao mtu makini kama mimi hakuona haja ya kuufikia: kwa mgonjwa, usitie viungo.

Dripu na bodaboda vingekula elfu moja mia tano. Kuku, mchele, sukari na nazi vilikuwa vya nyumbani, viungo shilingi arobaini. Tuliokoa shilingi elfu moja mia nne na sitini.